Siku Niliyotembezwa Kwetu

Mimi nimewahi kutembezwa kwetu kama mtalii. Nilipangwa mstarini na walimu wenzangu, nikaonyeshwa boma la mama yangu, nikaelezwa jinsi watu wa pale wanavyokula na wanavyozikana, nami nikatikisa kichwa kama mtu anayejifunza. Wapo watu kadhaa katika habari hii ambao nimewachukia kwa miaka mingi, na nitawasema, lakini wa kwanza ni mimi.

Miaka ya tisini nilikuwa nafundisha darasa la pili katika shule ya binafsi mjini Migori. Shule yenyewe ilikuwa vyumba sita vya mabati nyuma ya soko, na cha saba kilikuwa chumba cha walimu, chenye meza ndefu, redio, birika kubwa la chai na vikombe vya plastiki vya rangi moja. Vikombe hivyo ndivyo vilivyonifunza kunyamaza. Mwalimu wa hesabu alifiwa na kaka yake, na ikajulikana kwamba kaka amekufa kwa ugonjwa ule ambao siku hizo hakuna aliyetaka kuutaja. Tulisema tu "ile ya kukonda." Juma lililofuata kikombe kimoja kikapakwa rangi nyekundu ya kucha kwenye kishikio. Hakuna aliyemwambia neno. Kila saa nne chai ilimiminwa, kikombe chenye rangi kikasukumwa mbele yake, naye akakinywea mpaka alipohama. Mimi pia nilikisukuma. Nilikuwa mdogo kuliko wote na kazi ya kumimina chai ilikuwa yangu.

Basi dada yangu mkubwa aliporudishwa kutoka kwa mumewe, amekonda, anakohoa, akalala kwa mama kule kisiwani Rusinga, mimi sikumwambia mtu. Niliwaambia walimu kwetu ni upande wa Kendu, baba alishafariki, na sina ndugu. Baba kweli alikuwa amefariki. Hayo mengine niliyatunga nikiwa nimesimama na birika mkononi, wakayakubali, maana nani alikuwa na haja ya kunichunguza?

Dada alipofariki nilisikia redioni. Matangazo ya vifo yalisomwa mchana, na redio ya walimu haikuwa inazimwa. Jina lake likasomwa, la mama likasomwa, la kisiwa likasomwa, na siku ya mazishi. Naibu wa mwalimu mkuu alikuwa akisimulia mpira wa Jumapili na wote walikuwa wamemgeukia yeye. Nilikuwa nimeshika chapati. Niliimaliza. Kisha nikaenda darasani nikafundisha silabi. Siku ya mazishi sikwenda. Nilimwandikia mama barua kwamba malaria imeniangusha, nikampa dereva wa lori la samaki ampelekee.

Sasa kuna jambo ambalo asiye wa kwetu lazima aelezwe. Kwetu mtu aliyekosa mazishi haingii nyumbani kimyakimya. Akifika langoni anaanza kulia kwa sauti, anakwenda moja kwa moja hadi kaburini bila kumsalimu mtu, analia pale hadi watu wa nyumba watoke wamshike mkono. Baada ya hapo ndipo anakaribishwa, anapewa maji, anaulizwa habari za safari. Anayeingia macho makavu amesema mbele ya wote kwamba yule aliye chini ya udongo si mtu wake. Mimi nilikuwa sijakilia hicho kilio. Ulipita mwaka na miezi, sijakanyaga Rusinga, kila likizo nikijiambia nitakwenda inayofuata.

Mwalimu mkuu alikuwa mtu wa huko mpakani karibu na Isebania, mwili mkubwa, sauti kubwa, mpenda kofia. Mwisho wa muhula wa pili akatangaza kwamba mwaka huu hakuna sherehe ya kuchinja mbuzi. Walimu watakwenda kutalii. Eti wazungu wanavuka bahari kuja kuona nchi yetu na sisi wenyewe hatuijui. Tutakwenda Rusinga, siku moja, tutapata mwongozaji, tutaona kila kitu na kurudi. Watu wakapiga makofi. Mimi nikatafuta udhuru pale pale, lakini sikuwa na ujanja: alikuwa amesema asiyekwenda atabaki kuandika ripoti za shule nzima, na asiyekwenda huulizwa sababu.

Nikajituliza. Kisiwa si kidogo, nilijiambia. Wageni huonyeshwa mambo yale yale, wanapiga picha, wanakula samaki, wanarudi. Kwetu kuko nyuma ya mlima, hakuna hata njia ya gari. Mama hatoki hovyo. Nikifunga kitambaa chini hadi kwenye nyusi na kukaa katikati ya wenzangu, nitakwenda na kurudi kama mtu aliyetoka Kendu.

Tuliondoka alfajiri kwa basi tuliloazima shule ya upili ya jirani. Sijui kama umewahi kusafiri na walimu wenye njaa. Kabla hatujafika Homa Bay, mwalimu wa sayansi alikuwa ameshamenya mayai sita ya kuchemsha, maganda chini ya viti, harufu imejaa basi zima na madirisha hayafunguki. Naibu alikula ndizi akamfutia vidole mwenzake begani, ati ni mzaha. Wakaimba nyimbo za kanisa, halafu nyimbo nyingine zisizoimbika kanisani, kwa sauti ile ile. Huyo mwalimu wa sayansi, mwanamke mnene aliyenipenda kwa namna yake, alikuwa ameketi nami, na kila mara akinibonyeza ubavu: "Changamka, dada. Hata kama hujawahi kuona kisiwa, si ungoje tufike ndio uogope?"

Mwongozaji alitungoja Mbita, pale daraja la mawe linapoanza kuvuka kwenda kisiwani. Nilimchukia kabla hajafungua mdomo. Alivaa kofia yenye utepe wa ngozi ya chui, ya bandia, na filimbi shingoni, na mkononi fimbo iliyopakwa rangi nyeupe kwenye ncha. Katikati ya meno alikuwa na kijiti ambacho hakukitoa siku nzima. Akizungumza kilihama kutoka kona moja ya mdomo hadi nyingine, kimelowa. Alipanda basi, akapuliza filimbi humo humo ndani, akasema, "Wageni wangu, karibuni. Hii kisiwa ikiwa na siri, mimi ndio niko nayo. Swali lolote, uliza mimi, hapana uliza watu. Watu ya hapa watakudanganya."

Huyu aliyesema watu wa pale watatudanganya alitupandisha kilimani, mahali ambapo wazungu walichimba mifupa ya wanyama wa zamani sana. Hilo la mifupa ni kweli, tuliambiwa tangu utotoni. Lakini yeye aliinama, akaokota taya, akaliinua juu, akasema hilo ni la mamilioni ya miaka, shikeni muone lilivyo baridi. Likapitishwa mkono kwa mkono. Mwalimu mkuu akalinusa. Lilipofika kwangu nikaona ni taya la mbuzi, tena mbuzi wa juzi, lina ukoko wa nyama kwenye jino la nyuma. Nilichunga mbuzi kwenye mlima huo huo hadi nilipokwenda bweni. Nililipokea kwa mikono miwili, nikasema lo, nikampa aliyefuata.

Kutoka hapo tukapelekwa kwenye lile kaburi kubwa ambalo kila mgeni huonyeshwa, la kiongozi wa zamani. Walimu wakapigana picha, wengine wakitabasamu, wengine wakikunja nyuso ili waonekane na huzuni. Nilikuwa nimeanza kupumua. Nusu ya siku ilikuwa imekwisha na hakuna aliyeniita jina. Mwongozaji akapuliza filimbi.

"Mmeona kaburi ya mkubwa," akasema. "Tukitoka kwa samaki, nitawaonyesha ya mdogo. Kuna boma ya kienyeji nimetengeneza huko nyuma ya mlima. Mama mjane, anasaga mtama na mawe, na kaburi iko nje ya ua. Hiyo hamtapata kwa kitabu."

Nikauliza, na sauti yangu ikatoka kama ya mtu mwingine, "Nje ya ua kwa nini?"

"Msichana," akasema, kijiti kikahama. "Utaona."

Nyuma ya mlima kulikuwa na maboma manne. Niliyajua yote, na niliyajua makaburi ya kila boma. Kwetu binti aliyefia kwao, hata kama aliwahi kuolewa akarudishwa, hazikwi ndani ya ua pamoja na wanaume na wake wa boma. Anazikwa nje. Mama aliniandikia kwamba dada amelazwa upande wa kushoto wa lango, chini ya minyaa, na kwamba yeye mama aliwaomba wazee wamsogeze karibu na ua kadiri watakavyoruhusu.

Samaki tulikula ufuoni, penye omena, dagaa wa kwetu, zilizoanikwa kwenye nyavu. Mafuta ya kukaangia yalikuwa meusi. Naibu alinyonya macho ya samaki wake, halafu akaomba ya wengine, na mifupa akaitemea chini karibu na miguu yake, nzi wakaja, yeye akasogeza mguu kidogo tu na kuendelea. Nilimwendea mwalimu mkuu nikamwambia tumbo limenishika, naomba nibaki kwenye basi hawa wengine wakienda bomani.

Alinitazama, midomo inang'aa mafuta. "Mwalimu, wewe ndiye mdogo wetu," akasema. "Wewe ndiye utampa mama zawadi. Hata nimeshawaambia." Akaniwekea mikononi sukari pakiti mbili na mche wa sabuni, vimefungwa kwa gazeti. Gazeti likashika alama za vidole vyake.

Tungetembea nusu saa kuzunguka mlima. Niliifikiria ile njia hatua kwa hatua kabla hatujaanza, na nilijua mambo mawili tu yanaweza kutokea. Mama ataniona, ataniita jina langu, na Jumatatu birikani nitakuta kikombe chenye rangi. Ama nikifika langoni nitafanya inavyotakiwa, nitalia, na itakuwa vile vile. La tatu, kwamba ningeweza kuingia macho makavu, sikuliwaza. Nilidhani mwili wangu mwenyewe hautakubali.

Tulifika kaburini kwanza. Palikuwa na tuta, mawe machache, magugu ya kufika gotini. Sikuwahi kuliona. Mwongozaji alisimama kando yake, akachomeka fimbo kwenye udongo wa tuta ili iwe imara, akaegemea.

"Sasa sikizeni. Huyu ni binti ya hii boma. Mnajua kwa nini amefungiwa nje? Aliolewa, akarudishwa. Mzigo ikirudishwa dukani, inawekwa wapi? Haiwekwi tena na mzigo mpya." Wakacheka. Si wote, lakini walicheka. Walimu wengine walikuwa Wajaluo kama mimi, wana dada, wana shangazi waliolala nje ya nyua zao, na wao pia walicheka, maana tulikuwa kwenye matembezi na mwongozaji ndiye aliyeanza.

Naibu akauliza amekufa na nini.

"Ile ya kukonda," akasema mwongozaji. "Hata mama mwenyewe, sijui kama hana."

Kicheko kikakatika. Mwalimu wa sayansi akakusanya sketi yake kwa mkono ili isiguse magugu. Mwingine akarudi nyuma hatua mbili. Na mimi pale nilipokuwa nimesimama na sukari kifuani, kilio kilikuja. Kilikuja chenyewe, kutoka chini kabisa, kikafika hapa kwenye koo, mdomo ukafunguka. Nikakohoa. Nikakohoa tena, kwa nguvu, nikasema vumbi. Mwalimu wa sayansi akanipiga mgongoni na kunishika mkono, tukaingia langoni pamoja, macho makavu.

Mama alikuwa ameketi chini mbele ya kibanda cha nyasi. Hicho kibanda hakikuwa chetu. Nyumba yetu ya mabati, ile aliyojenga baba, ilikuwa imefichwa kwa mikeka iliyotundikwa kwenye kamba, ili isiharibu picha. Shingoni mama alikuwa amevaa shanga ambazo sijawahi kumwona nazo, mama aliyetukataza hata hereni kwa sababu ya kanisa. Mbele yake palikuwa na jiwe la kusagia. Mimi nimezaliwa katika boma hilo na jiwe hilo sijawahi kuliona. Sisi mahindi tulibeba kichwani hadi kwenye mashine ya dizeli sokoni, kila Jumatano, na tulipigania foleni kama watu wengine.

"Mama, onyesha wageni," akasema mwongozaji.

Mama akaanza kusaga. Alisaga vibaya, mtama ukiruka pembeni, kwa sababu hakujua. Mwalimu mkuu alisema, "Mnaona? Hii ndiyo nguvu ya mwanamke wa zamani." Wakampiga picha. Mama akainua uso kuangalia kamera kama alivyofundishwa, na macho yake yakapita kwa naibu, kwa mwalimu wa sayansi, yakanifikia.

Mikono yake ikasimama juu ya jiwe. Alitazama kitambaa nilichokuwa nimefunga hadi kwenye nyusi. Alitazama viatu vyangu. Alitazama mashavu yangu, nami nilijua anatafuta nini huko, na hakikuwepo. Nyuma yangu lango lilikuwa wazi na kaburi linaonekana.

"Mama, endelea," akasema mwongozaji.

Akaendelea.

Baadaye akainuka, akaingia nyuma ya mikeka, akatoka na sinia ya vikombe vya uji. Hapo hakuwa akiigiza. Mwongozaji alijaribu kumzuia, akasema uji haumo kwenye mpango, lakini kwa mama hakuna mtu aliyewahi kuingia akatoka bila kuonja kitu, na nadhani hata siku hiyo alishindwa kujizuia. Vikombe vilikuwa vile vyetu vya bati vyenye ukingo wa buluu. Alipita navyo mmoja mmoja. Mwalimu mkuu akasema asante, tumeshiba samaki. Naibu akaonyesha tumbo. Mwingine akageuka kutazama ua kana kwamba ameitwa. Uji ulikuwa unatoa mvuke, na mama alisimama mbele ya kila mtu muda wa kutosha, kisha akasogea.

Alipofika kwangu, mwalimu wa sayansi alinifinya kiunoni, akaninong'oneza, "Usishike." Mama alisikia. Alikuwa karibu kiasi kwamba nilisikia harufu ya sabuni anayofulia. Alingoja. Uji wake mimi nimeunywa tangu sijaota meno.

Nikasema, "Asante, mama. Nimeshiba."

Nilisema kwa Kiswahili. Mimi na mama hatujawahi kusema Kiswahili. Nyumbani kwetu Kiswahili kilikuwa cha chifu, cha wachuuzi waliotoka mbali, cha mtu ambaye hujui nia yake. Kabla yangu walimu wawili Wajaluo walikataa uji kwa Kijaluo, na mama aliwajibu kwa Kijaluo akawaita nyathina, mwanangu, wote wawili. Mimi nilichagua Kiswahili ili pasiwe na lafudhi ya kisiwa, na mwalimu mkuu akatikisa kichwa kuona nina adabu.

Mama aliweka sinia chini, akapokea sukari na sabuni kutoka mikononi mwangu. "Asante, mgeni," akasema. Kiswahili chake kilikuwa safi kuliko nilivyodhani.

Naibu, aliyependa kuchangamsha mambo, akasema, "Mama, huyu naye ni wa kwenu. Ni Mjaluo, anaringa tu."

Mama akanitazama mara nyingine. "Sikumjua," akasema, akaenda kuchukua daftari.

Ndiyo, palikuwa na daftari. Kitabu cha wageni, wazo la mwongozaji, kilichofungwa kalamu kwa uzi ili isiibwe. Unaandika jina, mahali unapotoka, na maoni yako kuhusu boma. Mama alikishika wazi mbele ya kila mtu kwa mikono yote miwili. Mama anasoma, alitufundisha kusoma kwa Biblia kabla hatujaanza shule. Ilipofika zamu yangu niliandika jina la ubatizo peke yake, kwenye mahali nikaandika Kendu, na kwenye maoni nikaandika "Nimefurahi." Alisubiri wino ukauke ndipo akafunga.

Tulipokuwa tunatoka, mwongozaji aling'oa fimbo yake kwenye kaburi alipokuwa ameiacha, akaipangusa kwa jani. Hakuna aliyenywa ule uji. Nilisikia nyuma yetu ukimwagwa, kikombe kimoja kimoja.

Kwenye basi mwalimu mkuu alisimama akatoa hotuba. Alisema leo tumejionea mila, na kwamba yule mama amemgusa sana. Akataka kila mtu aseme alichojifunza. Wengine walisema mifupa, wengine walisema ziwa. Mwalimu wa sayansi alisema amejifunza kuwa mwangalifu na vyombo vya watu, wakacheka. Zamu yangu nilisema nimejifunza mengi, kisha nikafungua dirisha lililogoma asubuhi nzima, likafunguka, nikatapika nje hadi Homa Bay. Wakasema ni samaki. Naibu akasema alijua tu, yale mafuta hayakuwa mazuri, ila yeye tumbo lake ni la chuma.

Juma la kwanza la likizo nilikwenda peke yangu. Sikumwambia mtu ninakwenda wapi, hata safari hiyo, lakini nilijiapia kwamba nitafanya kila kitu kama inavyotakiwa na kwamba shule ikijua, ijue. Nilivuka pale Mbita kwa miguu. Nilizunguka mlima mchana kweupe, kichwa wazi, bila kitambaa. Nilipoona minyaa ya kwetu nikaanza kulia.

Kilio kile cha kwetu huwezi kukitoa polepole. Unapaza, unaita jina la marehemu, unamuuliza kwa nini amekuacha, unakimbia. Nilikimbia hadi kwenye tuta nikajitupa juu ya magugu. Tundu la fimbo lilikuwa bado lipo. Nikaita jina lake, nikaomba radhi, nikalia hadi sauti ikawa ya kukwaruza. Nilikuwa nalia kweli. Nataka hilo lieleweke, maana baadaye nimejiuliza mara nyingi. Wanawake wawili waliokuwa wakitoka ziwani na ndoo za maji walisimama njiani, wakanitazama. Kwa desturi wangetua ndoo waje walie nami hata kama kwa dakika moja. Walinong'onezana, wakapita.

Hakuna aliyetoka kunishika mkono. Nikaendelea kulia huku nikisikiliza, na huko kusikiliza kulianza kuniharibia kilio, maana nilisikia mlango wa mabati ukifunguka, nikasikia hatua, nikasikia zikisimama upande wa ndani wa ua. Niliinua kichwa. Mama alikuwa amevaa gauni lake la kawaida, shingo tupu, mikono imekunjwa kifuani. Mikeka ilikuwa imeondolewa na nyumba yetu ilionekana yote. Alinisikiliza kwa utulivu, kichwa kimeinama kidogo, hadi nikamaliza pumzi.

Kisha akaniambia, kwa Kijaluo, bila kupaza sauti, "Unamwonyesha nani? Leo wageni hawakuja."